Lalamiko Moja Tu

Shuleni, 9 Februari

Mama mdogo mpendwa,

Natumaini barua hii itakukuta mzima, na kwamba lile koo lililokuwa likikusumbua limekuachia. Mimi sijambo. Masomo yanakwenda vizuri isipokuwa hesabu. Mimi nayo tumekubaliana kuheshimiana kwa mbali.

Juzi mwalimu wa Kiswahili aliingia darasani na gazeti akatusomea makala yako. Kwa wasiojua, akaeleza kwamba Dirisha ni tovuti ya serikali ambamo mwananchi yeyote anaweza kulalamikia ofisi ya umma bila jina lake kuonekana, na kwamba isingefunguliwa kama si mwandishi mmoja wa habari aliyeisumbua Wizara kwa miaka, akaipeleka mahakamani, akatukanwa, akarudi tena. Darasa zima likageuka kunitazama. Nikajifanya natafuta kalamu chini ya dawati.

Sasa nikuambie jambo. Mama alinikataza nisimwambie mtu, lakini wewe si mtu, wewe ni mdogo wake. Wakati wa likizo alirudi kutoka kazini amenuna, hasemi. Nilipombana sana akasema kwamba maboksi ya dawa yanatolewa stoo kwa mlango wa nyuma na kupakiwa kwenye gari la mganga mkuu, halafu wagonjwa wanaambiwa dawa zimekwisha. Yeye ndiye mtunza stoo, anayaona kwa macho yake. Nikamwambia aandike kwenye Dirisha. Akaogopa. Nikamwambia mama mdogo amesema gazetini kwamba jina halionekani. Basi akakaa kitandani akawa anasema, mimi nachapa kwenye simu yake. Tulipomaliza alicheka kidogo, akasema nimemfanya mwanasiasa uzeeni.

Nikimaliza shule nataka kufanya kazi kama yako. Mtu anaanzaje?

Mwanao,
Chiriku


Mjini, 27 Februari

Chiriku wangu,

Barua yako imenifikia salama na nimeisoma nimesimama kwenye korido, kwa sababu mhariri amekikalia kiti changu na hana dalili ya kuondoka. Koo limepona. Hesabu upatane nayo haraka; nusu ya uongo wa serikali umefichwa kwenye kujumlisha.

Mtu anaanza kwa kuuliza swali moja ambalo mkubwa fulani hataki kulijibu, kisha analirudia mpaka anachukiwa. Ndiyo kazi yote hiyo. Mengine ni chai.

Lakini sikulala vizuri kwa hayo mengine uliyoniandikia, na naona heri nikuambie ukweli. Dirisha lina tundu. Kila lalamiko lina namba yake, na namba hiyo inaonekana mwishoni mwa anwani ya ukurasa. Msomaji mmoja alinipigia akaniambia nibadilishe tarakimu ya mwisho nione. Nikabadilisha. Likafunguka lalamiko la mtu mwingine kabisa, na chini yake namba yake ya simu. Nikafunga. Sikufungua jingine, maana hayo si yangu kuyasoma.

Katika kazi yetu, ukikuta kasoro kama hiyo huandiki kesho yake. Unawaambia wenye nyumba kwanza na kuwapa muda wa kuziba, la sivyo unawaonyesha wezi pa kupitia. Wizara nimewapa mpaka mwisho wa Aprili. Hadi sasa hakuna anayejua isipokuwa wao, mimi, mhariri na huyo msomaji. Na sasa wewe.

Usimwambie mama yako. Namjua dada yangu. Atakosa usingizi, na akikosa usingizi atamwambia mtu.

Mama yako mdogo


Shuleni, 8 Machi

Mama mdogo mpendwa,

Shikamoo. U mzima? Mimi mzima wa mwili.

Tangu barua yako ifike sisikii mwalimu anachofundisha. Namba ya simu ya mama imo mle. Mganga mkuu anayo hiyo namba, anampigia kila siku kumwita stoo. Akiliona lalamiko lile hahitaji kuuliza ni la nani.

Nakuomba kitu kimoja. Wewe unawajua watu wa Wizara. Waambie walifute la mama peke yake, kimyakimya, kabla hujaandika makala. Namba ya lalamiko ninayo, niliinakili kwa sababu tovuti ilisema tuitunze. Nimeiandika nyuma ya karatasi hii.

Mwanao,
Chiriku


Mjini, 20 Machi

Chiriku,

Sijambo, na wewe uwe hivyo hivyo.

Jibu ni hapana, na nitakueleza sababu mara moja tu. Mle ndani kuna malalamiko ya maelfu ya watu. Baadhi yao wamenipigia wenyewe kunieleza: kuna mwalimu aliyemshtaki mkuu wake, kuna mfungwa, kuna mjane aliyenyang'anywa kiwanja. Wote waliandika kwa kuwa mimi niliwaambia waandike. Hakuna hata mmoja wao mwenye mama mdogo gazetini. Nikienda kumtoa dada yangu kwa mlango wa uani na kuwaacha wao, nitakuwa sina tofauti na wale ninaowaandika kila wiki, wanaowatafutia ndugu zao nafasi hospitalini wakati wengine wako kwenye foleni.

Wakiziba tundu, wamezibia wote. Ndivyo nitakavyomlinda mama yako, pamoja na wenzake.

Na tafadhali usiniandikie tena kwa sauti hiyo ya kuomba. Ulitaka kujua kazi hii ilivyo. Iko hivi.

Mama yako mdogo


Shuleni, 2 Aprili

Mama mdogo,

Shikamoo. Sitaomba. Nitauliza, kama ulivyonifundisha.

Mama aliacha shule ili wewe usome. Hajawahi kunisimulia yeye, niliambiwa na bibi kabla hajafariki. Alikufulia sare, akakupeleka kwenye mtihani amekubeba mgongoni siku ulipoteguka mguu. Picha yako iliyotoka gazetini ameibandika juu ya jiko, imejaa moshi, na kila mgeni lazima aoneshwe.

Swali langu ni hili. Kama ungekuwa wewe uliyemo mle ndani, na yeye ndiye anayewajua wakubwa wa Wizara, mama angeuliza foleni ina watu wangapi?

Mwanao,
Chiriku


Mjini, 19 Aprili

Chiriku,

Nimefanya. Nimemwandikia mkuu wa kitengo cha tovuti pale Wizarani, mtu ninayefahamiana naye tangu siku za kesi. Nimempa ile namba na kumwomba lalamiko hilo liondolewe kabla ya wiki kwisha. Kajibu kwa maneno mawili kwamba limeshafikishwa panapohusika.

Umeandika vizuri. Nimekasirika kwa namna ulivyoandika vizuri.

Usije ukaniomba tena kitu cha aina hii.

Mama yako mdogo


Shuleni, 25 Mei

Mama mdogo,

Salamu. Sijui nianzie wapi, kwa hiyo nitaanza palipokuwa pazuri.

Makala yako ilitoka na mwalimu akatusomea tena. Ulisema kasoro imezibwa, na kwamba wataalamu wamekagua wakaona kwamba, ukiacha mlivyojaribu wewe na yule msomaji, hakuna lalamiko hata moja lililofunguliwa na mtu asiyehusika. Wanafunzi walipiga makofi. Nami nilipiga. Nilirudi bwenini nikalala usingizi mzito kama mtoto.

Jumatatu iliyofuata matroni aliniita ofisini. Mama yuko mahabusu.

Haya ameyasema jirani yetu, mshonaji, aliyekwenda kumwona. Mganga mkuu aliwakusanya wafanyakazi wote uani pale hospitalini. Akatoa karatasi mfukoni akaisoma kwa sauti, taratibu, kama mtu anayesoma hadithi. Yalikuwa maneno ya mama. Maneno yetu. Kila alipomaliza sentensi alinyamaza na kumtazama mama, na wengine wakaanza kucheka kwa kuwa yeye alikuwa anacheka. Alipofika mwisho akasema, "Mama Stoo, kumbe una kipaji. Endelea basi, tuambie dawa ziko wapi." Kisha akawaambia askari waliokuwa wakisubiri getini wakapekue nyumba yetu. Wakakuta maboksi matatu chini ya kitanda ambacho mimi hulala nikiwa likizo.

Mama mdogo, chini ya kitanda kile hakuna nafasi ya maboksi. Pana masanduku yangu ya vitabu. Masanduku yalikutwa nje, kwenye mvua.

Umesema hakuna lalamiko lililofunguliwa. Basi ile karatasi aliipata wapi?

Mwanao,
Chiriku


Mjini, 11 Juni

Mwanangu,

Sitauliza kama u mzima.

Nimechelewa kwa sababu nilitaka kujua kabla ya kukujibu, na sasa najua. Wizarani wana utaratibu wao. Ombi lolote linalohusu lalamiko, liwe la nani, linapelekwa kwa ofisi inayolalamikiwa ili itoe maoni. Lalamiko lenyewe linaambatanishwa, na namba ya simu chini yake. Mkuu wa kitengo hakufanya ubaya. Alifanya anavyofanya siku zote. Ameniambia hivyo huku akinimiminia maji ya kunywa. Hiyo ndiyo maana ya "panapohusika".

Utaratibu huo naujua. Niliuandikia makala mwaka juzi, nikaulaani ukurasa mzima. Nilipokuwa namwandikia yule bwana nilikuwa naharakisha, nilikuwa nakufikiria wewe na lile swali lako, na sikuukumbuka.

Na kuna jambo lingine unapaswa kulijua. Wataalamu walikagua kweli. Malalamiko mengi yalikuwa yamelala humo tangu yaandikwe, hakuna mtu yeyote aliyeyagusa, si mwizi wala Wizara. La mama yako nalo lilikuwa limelala. Kati ya yote hayo limesomwa moja tu, lile nililolinyooshea kidole.

Nimemtafutia wakili, kijana anayejua kazi yake. Mhariri amenionya nisiseme lolote hadharani kuhusu ule ujumbe. Anasema Wizara inatafuta sababu ya kulifunga Dirisha kabisa, na mwandishi aliyeomba upendeleo kwa ndugu yake ndiyo sababu nzuri kuliko zote. Nimemwambia nitafikiri.

Mama yako akiuliza ni wazo la nani, mwambie ni langu.

Mama yako mdogo


Shuleni, 23 Juni

Mama mdogo,

Wakili alikuja shuleni kuzungumza nami, kwa sababu mimi ndiye niliyechapa lile lalamiko. Ni mpole, ana viatu vikubwa kuliko yeye. Anasema kesi inasimama juu ya jambo moja. Mganga mkuu amekula kiapo kwamba kabla ya siku ya upekuzi hakuwa anajua kama kuna lalamiko lolote. Eti ile karatasi aliletewa asubuhi hiyo hiyo na msamaria mwema, naye tayari alikuwa anamshuku mama kwa wizi. Ikijulikana kwamba Wizara ilimpelekea lalamiko kabla, itaonekana alikuwa na muda na sababu ya kuyaweka yale maboksi.

Wizara haitasema. Aliyebaki ni wewe na ujumbe wako.

Hapa shuleni wananiita Binti Boksi. Si wote. Mwalimu wa Kiswahili hanisemeshi vibaya, ila gazeti haji nalo tena darasani.

Najua ulisema nisikuombe. Njoo useme ukweli mahakamani. Wewe umewaambia watu miaka yote hii kwamba ukweli ukiwekwa mezani kila mtu atauona.

Mwanao,
Chiriku


Mjini, 9 Julai

Mwanangu Chiriku,

Nitakuja. Nimemwambia mhariri, tumeagana vibaya.

Usiende mahakamani siku hiyo. Kaa shuleni usome.

Mama yako mdogo


Shuleni, 14 Septemba

Mama mdogo mpendwa,

Natumaini uko salama popote ulipo. Hii ni barua ya tatu tangu hukumu, na mbili za kwanza sijui kama zilikufikia. Hii naipeleka kwa jirani wa chumba chako, yule fundi saa, amesema ataipitisha chini ya mlango.

Sikukutii. Nilikuja. Nilikaa nyuma kabisa kwenye benchi la pembeni, na nadhani hukuniona, ila mama aliniona.

Sikulaumu kwa lolote ulilosema. Ulisema kila kitu sawasawa, bila kutafuna maneno. Ulieleza tundu la Dirisha, ukasema ulimwandikia nani na alikujibu nini. Nikaona wakili ananyoosha mgongo, na mganga mkuu akaacha kuchezea funguo zake. Kwa muda mfupi nikaamini tunarudi nyumbani na mama.

Kisha yule mwendesha mashtaka akasimama. Sikutegemea awe na sauti nzuri vile. Alikuuliza kama wewe ndiye uliyeomba lalamiko lifutwe. Ukasema ndiyo. Akauliza kama ni kabla ya upekuzi. Ukasema ndiyo. Akaigeukia mahakama akasema kwamba mtu aliyeona wizi kweli hakimbii maneno yake mwenyewe, na kwamba sasa ameelewa: mtunza stoo aliiba, akamsingizia mkubwa wake ili kujikinga, kisha akaogopa, na mdogo wake mwenye jina gazetini akatumwa kwenda kufagia nyayo.

Ukajaribu kueleza kwamba mama hakujua. Hapo ndipo mama aliponyanyua kichwa. Ndiyo ilikuwa mara yake ya kwanza kusikia kwamba maneno yake yaliombewa kufutwa.

Na hakimu akakuuliza kwa upole, kama mtu anayeuliza njia, "Mle ndani kulikuwa na watu wengi. Uliomba lifutwe la mwingine yeyote?"

"Hapana."

"Kwa nini huyu?"

"Ni dada yangu."

Watu waliguna. Mwandishi mmoja aliyekaa mbele yangu aliandika neno hilo akalipigia mstari, na kesho yake ndilo lililokuwa kichwa cha habari. Sasa nasikia Dirisha limefungwa "kwa mapitio", na gazeti lako limekutoa, na watu waliokupigia makofi wanasema walikushuku tangu zamani. Mganga mkuu yuko kazini. Mama amepewa miaka mitatu.

Jumamosi iliyopita mshonaji alinipeleka gerezani kumwona. Tulikaa pande mbili za wavu, na askari alikuwa karibu kiasi kwamba nilisikia anavyotafuna njugu. Mama amekonda lakini nywele amesuka. Aliniuliza mitihani. Nikamwambia hesabu nimepata alama ya kupita, akasema hapo amefurahi.

Nikamwambia pia ukweli ambao ulinikataza, kwamba wazo lilikuwa langu, tena ulikataa, tena nikakubana. Nilitaka anichukie mimi badala yako. Akawa anapitisha kidole kwenye wavu, tundu moja baada ya jingine.

Halafu akaniuliza jambo ambalo ndilo limenifanya nikuandikie. Aliuliza kwa sauti ya chini, kama anayeona haya. "Chiriku, wewe ndiye uliyeandika. Hebu nikumbushe. Yale maboksi niliyaona kweli?"

Nilidhani ananitania. Nikamtazama, hakuwa ananitania. Akasema polisi walimwambia hakuona, mahakama imesema hakuona, wenzake wa kazini wote wamesema hawakuona, na wafungwa anaolala nao wanamcheka kila akisimulia. Akasema kila akifumba macho bado analiona lile gari, ila sasa maboksi mara yamo, mara hayamo.

Nikamwambia, "Uliyaona, mama."

Akasema, "Haya." Lakini alisema kama mtu anayempa mtoto haki yake ili asilie. Mimi ni mwanawe, sikuwa pale hospitalini, na nilichokijua nilikisikia kwake mwenyewe. Neno langu halimtoshi.

Lako huenda likamtosha. Wewe ulimwamini wakati anayemwamini hapati faida yoyote, na ukaja mbele ya watu wote ukapoteza ulichokuwa nacho. Mama mdogo, sikuombi uandike makala, wala usimtafute mtu yeyote unayemjua pale. Nenda Jumamosi, panga foleni na wengine getini, nayo ni ndefu, inaanza mapema. Muda wanaotoa ni mfupi. Usimwombe msamaha kwanza, utaumaliza muda wote kwa kulia. Mwambie tu kwamba aliyaona.

Nenda kabla hajaacha kuuliza.

Mwanao,
Chiriku